Michezo ya Dunia ya Vyuo Vikuu: Safari Huanzia Ofisi ya Msajili

Mwezi Julai 2025, India ilipeleka nchini Ujerumani wachezaji 12 wa badminton kushiriki Michezo ya Dunia ya Vyuo Vikuu. Sita kati yao hawakuingia uwanjani. Hawakuwa wameumia, wala hakuna aliyefungiwa kwa utovu wa nidhamu. Kwa mujibu wa taarifa zilizosambaa wakati huo, viongozi wa msafara hawakuwasilisha majina yao ipasavyo katika kikao cha mameneja wa timu kilichotangulia mashindano, na baada ya kikao hicho hapakuwa na nafasi ya kuongeza jina. Wenzao sita waliobaki walipambana hadi wakatwaa medali ya shaba ya timu.

Habari hiyo ilipita haraka katika kurasa za michezo za Afrika Mashariki, kama ilipita kabisa. Ilistahili kukaa muda mrefu zaidi. Inaonesha jambo ambalo jedwali la medali haliwezi kulionesha: katika mashindano ya wanafunzi, ushindi na kushindwa huanzia kwenye karatasi, na karatasi hizo nyingi hazitoki kambini bali hutoka chuoni. Kwa Tanzania, ambako vijana wengi wenye vipaji sasa wanaendelea na masomo ya elimu ya juu, jambo hilo lina uzito kuliko idadi ya siku ambazo timu itakaa kambini kabla ya kukabidhiwa bendera ya Taifa.

Michezo hiyo, ambayo kwa miongo kadhaa ilijulikana kwa jina la Universiade, husimamiwa na Shirikisho la Kimataifa la Michezo ya Vyuo Vikuu, FISU, lenye makao makuu mjini Lausanne, Uswisi. Ipo ya majira ya kiangazi na ya majira ya baridi, na kila moja hufanyika kwa kawaida baada ya miaka miwili. Ile ya kiangazi ya mwaka 2025 ilifanyika kuanzia Julai 16 hadi 27 katika miji ya ukanda wa Rhine-Ruhr, ikiwemo Bochum, Duisburg na Essen, huku baadhi ya michezo ikipelekwa Berlin. Itakayofuata itafanyika Agosti 2027 katika eneo la Chungcheong nchini Korea Kusini, na ya mwaka 2029 imepewa jimbo la North Carolina, Marekani.

Chimbuko lake ni la zamani kidogo kuliko wengi wanavyodhani. Mwaka 1923 Mfaransa Jean Petitjean aliandaa mjini Paris mashindano ya kimataifa ya wanafunzi wa vyuo vikuu. Baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia, michezo ya wanafunzi iligawanyika kama dunia yenyewe ilivyogawanyika. FISU ilianzishwa mwaka 1949 ikiwa na nchi za Magharibi, wakati nchi za kambi ya Mashariki zilikuwa na mashindano yao. Pande hizo mbili zilikutana uwanjani mjini Turin, Italia, mwaka 1959, kwa juhudi za Primo Nebiolo, ambaye baadaye aliongoza shirikisho la riadha la dunia. Turin ilipokea nchi 45 na wanamichezo 985. Ili kukwepa migogoro ya bendera na nyimbo, iliamuliwa kwamba mshindi apigiwe Gaudeamus Igitur, wimbo wa kale wa wanafunzi wa Ulaya, badala ya wimbo wa taifa lake. Uamuzi huo uliotokana na hofu za Vita Baridi umedumu hadi leo, na umeacha maana ambayo pengine waanzilishi hawakuikusudia: anayepanda jukwaani hutambuliwa kwanza kuwa mwanafunzi.

Utambulisho huo wa uanafunzi ndio unaoitofautisha michezo hii na mingine yote. Mkimbiaji anayekwenda Olimpiki huulizwa muda wake bora. Yule anayekwenda michezo ya vyuo vikuu huulizwa pia amesajiliwa chuo gani, anasomea nini, na ana umri gani. Kanuni za sasa zinataka mshiriki awe raia wa nchi anayoiwakilisha, awe na umri wa kati ya miaka 18 na 25, na awe amesajiliwa rasmi katika chuo kikuu au taasisi ya elimu ya juu inayotambuliwa na mamlaka za nchi yake. Mhitimu naye anaruhusiwa iwapo alipata shahada au stashahada yake katika mwaka uliotangulia mashindano. Ushahidi wa hayo yote ni fomu inayothibitishwa na chuo chenyewe na kupitishwa na chombo cha michezo ya vyuo vikuu cha nchi husika. Hati hizo huhakikiwa tena mshiriki anapowasili, pamoja na pasipoti yake.

Hapo awali ukomo wa umri ulikuwa miaka 28. Kuupunguza hadi 25 kulikusudiwa kuirudisha michezo kwa wanafunzi halisi, lakini athari yake si sawa kwa kila nchi. Nchini Tanzania, kijana anayemaliza Kidato cha Sita akiwa na miaka 19 au 20, akapitia mafunzo ya Jeshi la Kujenga Taifa kwa mujibu wa sheria, kisha akaanza shahada ya miaka mitatu, bado ana nafasi mbili za kushiriki kabla umri haujamtoa. Anayesomea udaktari wa binadamu kwa miaka mitano naye anaweza kufika, kwa kubanwa. Mwalimu wa ngazi ya cheti aliyefundisha kijijini miaka minne kabla ya kurudi darasani kutafuta shahada hana nafasi, hata akiwa na mbio nzuri kuliko mwanafunzi yeyote wa chuo chake. Wanafunzi wa aina hiyo ni sehemu ya kawaida ya vyuo vikuu vya nchini, na wengi wao ndio manahodha wa timu. Kanuni haitabadilika kwa ajili yao. Kinachowezekana ni kuwatambua mapema wale wenye umri unaokubalika, badala ya kugundua tatizo wakati tiketi zimeshakatwa.

Ubora wa mashindano nao hautabiriki, na hilo limewafanya wengine wayaone kama mashindano ya daraja la pili. Rekodi zinasema vingine. Septemba 1979, katika michezo ya vyuo vikuu iliyofanyika Mexico City, Mwitaliano Pietro Mennea alikimbia mita 200 kwa sekunde 19.72. Rekodi hiyo ya dunia ilidumu hadi mwaka 1996 ilipovunjwa na Michael Johnson. Mwaka uliofuata baada ya Mexico City, Mennea alitwaa dhahabu ya Olimpiki mjini Moscow. Kwa upande mwingine, nchi mwenyeji inapoamua kujaza kikosi chake wanamichezo wake bora kabisa, ushindani hupotea: Urusi ilitwaa dhahabu 155 mjini Kazan mwaka 2013, na China ilitwaa 103 mjini Chengdu mwaka 2023. Marekani nayo imewahi kufanya kinyume chake, ikakabidhi bendera yake kwa chuo kimoja tu. Timu ya mpira wa kikapu ya wanaume iliyoiwakilisha Marekani mjini Gwangju, Korea Kusini, mwaka 2015 ilikuwa ya Chuo Kikuu cha Kansas, na ilirudi na dhahabu. Kati ya namna hizo mbili za kuunda kikosi, hii ya pili inafaa kuangaliwa kwa makini zaidi na nchi yenye bajeti ndogo, kwa kuwa timu inayosoma pamoja, inayolala mabweni ya jirani na kufanya mazoezi pamoja kila jioni haihitaji kambi ya miezi miwili ili wachezaji wazoeane.

Barani Afrika, mfano ulio karibu ni Afrika Kusini. Akani Simbine alishinda mita 100 mjini Gwangju mwaka 2015 kwa sekunde 9.97, na miaka tisa baadaye alikuwa katika kikosi kilichotwaa fedha ya mbio za kupokezana vijiti za mita 100 mara nne katika Olimpiki ya Paris. Muogeleaji Tatjana Schoenmaker, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Pretoria, alipata dhahabu ya mita 200 katika michezo ya vyuo vikuu ya Napoli mwaka 2019. Miaka miwili baadaye mjini Tokyo alitwaa dhahabu ya Olimpiki katika umbali huohuo na kuvunja rekodi ya dunia. Mabwawa, makocha na wataalamu wa lishe waliomlea wapo ndani ya eneo la chuo. Kwake, michezo ya vyuo vikuu ilikuwa kituo kimoja katika safari iliyopangwa, na chuo ndicho kilichokuwa na ramani.

Afrika Mashariki imepita njia nyingine. Wanariadha wake wengi wakubwa wamekulia katika majeshi ya ulinzi na usalama. Alphonce Simbu, aliyeipa Tanzania ubingwa wa dunia wa marathoni mjini Tokyo Septemba 2025, ni askari wa Jeshi la Wananchi wa Tanzania. Nchini Kenya, timu za jeshi, polisi na magereza zimekuwa mhimili wa riadha kwa vizazi. Njia hiyo imefanya kazi na hakuna sababu ya kuibeza, kwa kuwa kijana wa miaka 19 anayetoka katika familia ya wakulima huona ajira, mshahara na muda wa mazoezi kwa pamoja. Chuo kikuu humwonesha ada, mkopo wa kurejesha na ratiba ya vipindi. Akipewa nafasi ya kuchagua, uamuzi wake unaeleweka.

Njia ya pili imekuwa kuvuka bahari. Suleiman Nyambui, mmoja wa Watanzania wawili waliopata medali ya Olimpiki, alitwaa fedha ya mita 5,000 mjini Moscow mwaka 1980. Katika kipindi hicho alikuwa akisoma na kukimbilia Chuo Kikuu cha Texas kilichopo El Paso, ambako alishinda mataji kadhaa ya vyuo vikuu vya Marekani. Mkenya Henry Rono alikuwa mwanafunzi wa Washington State mwaka 1978 alipovunja rekodi nne za dunia ndani ya siku 81. Mike Boit, aliyepata shaba ya mita 800 katika Olimpiki ya Munich mwaka 1972, alisoma Marekani kisha akarejea kuwa profesa wa sayansi ya michezo katika Chuo Kikuu cha Kenyatta. Edward Cheserek, kijana wa kizazi cha karibuni, alitwaa mataji 17 ya vyuo vikuu vya Marekani akiwa Oregon. Kwa maneno mengine, hoja kwamba masomo na mbio haviwezi kwenda pamoja kwa kijana wa Afrika Mashariki ilishajibiwa karibu nusu karne iliyopita. Vimekwenda pamoja, isipokuwa mara nyingi vimefanya hivyo katika ardhi ya watu wengine.

Swali linalobaki ni kwa nini imekuwa vigumu kufanya hivyo nyumbani. Sehemu ya jibu ipo katika ngazi ambayo kijana hupanda. Mwanafunzi wa shule ya msingi ana UMITASHUMTA, wa sekondari ana UMISSETA. Mashindano hayo mawili yanafahamika hadi vijijini, yana kalenda, yana walimu wanaowajibika, na hupata nafasi katika vyombo vya habari. Kijana anapoingia chuo kikuu, ngazi hiyo haikatiki kabisa, lakini vidato vyake vinaachana. Yapo mashindano yanayosimamiwa na Shirikisho la Michezo ya Vyuo Vikuu Tanzania, TUSA, yapo ya Afrika Mashariki, na yapo ya Afrika yanayosimamiwa na FASU, shirikisho lenye makao yake Kampala. Hata hivyo, kwa mwanafunzi mmoja mmoja, nafasi ya kufika huko hutegemea chuo chake kimetenga nini mwaka huo, na hutegemea mlezi wa wanafunzi au mkufunzi wa michezo aliyepo. Bingwa wa UMISSETA anaweza kusajiliwa chuo kikuu, akasoma miaka mitatu na kuhitimu bila ofisi yoyote chuoni kujua kwamba alikuwa bingwa.

Fomu za udahili zinauliza alama za mitihani. Hazina sababu ya kuuliza muda wa mita 800, na hakuna anayependekeza kwamba mbio zichukue nafasi ya ufaulu. Lakini kumtambua mwanafunzi baada ya kudahiliwa hakuhitaji sheria mpya. Orodha za washiriki wa UMISSETA zipo, na orodha za waliodahiliwa zipo.

Tatizo la pili ni aina ya michezo yenyewe. Michezo ya Rhine-Ruhr ilikuwa na michezo 18. Ndani yake kulikuwa na riadha, kuogelea, mpira wa kikapu, mpira wa wavu, judo, taekwondo, mpira wa meza, tenisi, kulenga shabaha kwa upinde, vitara, jimnastiki na kupiga makasia. Soka haikuwemo. FISU imeupa mchezo huo mashindano yake, yaliyoanza mwaka 2019 mjini Jinjiang, China, ambako timu hucheza kwa jina la chuo na si la nchi. Netiboli nayo haimo, bali ina ubingwa wake wa dunia wa vyuo vikuu. Kwa maneno mengine, michezo miwili inayojaza watazamaji katika mabonanza ya vyuo vya Tanzania ndiyo miwili ambayo haiwezi kumpeleka mtu Chungcheong. Bajeti ndogo ya michezo ya chuo huelekezwa pale wanafunzi wengi walipo, na hilo ni haki yao, lakini matokeo yake ni kwamba mrusha mkuki au mcheza judo wa chuo hujigharamia mwenyewe.

Ndiyo maana nchi yenye uwezo mdogo haipati faida ya kutuma watu wachache katika kila mchezo. Kila mshiriki na kila kiongozi hulipiwa ada ya ushiriki kwa siku, mbali ya nauli, viza na vifaa. Riadha ndiyo inayoonekana wazi kuwa mlango wa Tanzania, hususan mbio za kati, ndefu na nusu marathoni, ambayo imo katika ratiba ya riadha ya michezo hiyo. Mkimbiaji wa nusu marathoni anahitaji barabara, viatu, kocha na muda. Kati ya vinne hivyo, kilicho adimu zaidi kwa mwanafunzi ni muda.

Hapo ndipo kalenda ya masomo inapoingia. Michezo ya kiangazi hufanyika Julai au Agosti, wakati vyuo vya Ulaya na Asia vimefungwa au vinaelekea kufungwa. Katika vyuo vingi vya Tanzania mwaka wa masomo huanza Oktoba au Novemba, hivyo Julai ni mwezi wa mitihani ya muhula wa pili, na wiki zinazofuata ni za mafunzo kwa vitendo katika shule, hospitali, halmashauri na viwanda. Mwanafunzi anayeteuliwa kuiwakilisha nchi huitwa kambini wiki zilezile anazotakiwa kuwa kwenye chumba cha mtihani au mbele ya msimamizi wa mafunzo. Kanuni za vyuo kwa kawaida humruhusu mwanafunzi kufanya mtihani maalum iwapo alikosa mtihani kwa sababu zinazokubalika, na ugonjwa au msiba ndiyo mifano inayotajwa mara kwa mara. Je, kuliwakilisha Taifa ni sababu inayokubalika? Pale ambapo jibu halijaandikwa waziwazi, hubaki mikononi mwa mkuu wa idara, mratibu wa mitihani au kamati inayokutana mara moja kwa muhula. Mwanafunzi anayetegemea mkopo wa Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu ana jambo jingine la kufikiria, kwa kuwa kuahirisha masomo kunagusa mkopo wake. Kijana mwenye busara, akipima hayo yote, anaweza kuamua kubaki, na hakuna takwimu itakayoonesha kwamba aliwahi kuteuliwa.

Gharama ya kuondoa kikwazo hicho ni ndogo ukilinganisha na gharama ya uwanja. Kifungu kimoja katika kanuni za mitihani, kinachotamka kwamba mwanafunzi aliyeitwa rasmi katika timu ya Taifa kwa kibali cha Baraza la Michezo la Taifa atapewa mtihani maalum bila kuhesabiwa kuwa amerudia, kingemaliza mjadala kabla haujaanza. Baraza hilo, lililoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1967, lina kawaida ya kuziaga timu za Taifa na kuzikabidhi bendera. Barua inayoliarifu chuo ikienda mapema, wiki nyingi kabla ya siku ya bendera, ingemfaa mwanafunzi kuliko hotuba ya siku yenyewe.

Mijadala ya michezo ya kimataifa haikosi swali la uenyeji, na kwa sasa lina mvuto wa pekee. Tanzania, Kenya na Uganda zimekabidhiwa uenyeji wa fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika za mwaka 2027, na viwanja vinajengwa na vingine kukarabatiwa. Michezo ya kiangazi ya vyuo vikuu haijawahi kufanyika katika ardhi ya Afrika. Historia ya wenyeji wake, hata hivyo, inashauri utulivu. São Paulo ilipewa michezo ya mwaka 1989 ikajitoa, na Duisburg ikaokoa jahazi kwa kuandaa toleo dogo lenye michezo minne tu. Brasília ilipewa ya mwaka 2019 ikajitoa kwa sababu za kifedha, na Napoli ikachukua nafasi hiyo ikiwa na muda mfupi. Napoli haikujenga kijiji cha wanamichezo. Sehemu ya washiriki ililala katika meli za utalii zilizotia nanga bandarini. Yekaterinburg nchini Urusi ilipoteza michezo ya mwaka 2023 kufuatia vita vya Ukraine.

Miji iliyofaidika ni ile ambayo ilitazama michezo kwa macho ya chuo. Kijiji cha wanamichezo cha Kazan kiligeuzwa mabweni ya wanafunzi. Chengdu iliweka kijiji chake ndani ya Chuo Kikuu cha Chengdu. Bangkok mwaka 2007 ilitumia mabweni ya Chuo Kikuu cha Thammasat ambayo yalishatumika katika Michezo ya Asia ya mwaka 1998. Katika mifano yote mitatu, kitanda alicholalia mwanamichezo kwa wiki mbili ni kitanda ambacho mwanafunzi alikihitaji kwa miaka iliyofuata. Uwanja wa watu 60,000 ni rahisi kuuonesha kwenye picha, lakini chumba cha bweni hutumika kila usiku.

Uganda imechagua kupanda ngazi ndogondogo. Mwaka 2008 Kampala iliandaa michezo ya vyuo vikuu vya Afrika. Mwaka 2014 Entebbe iliandaa mbio za nyika za ubingwa wa dunia wa vyuo vikuu, na mwaka 2018 Kampala ikaandaa ubingwa wa dunia wa netiboli wa vyuo vikuu, ambao Uganda yenyewe ilishinda. Hayo ni mashindano ya mchezo mmoja, yenye wageni wanaoweza kulala chuoni na kula kwenye ukumbi wa chuo. Hayahitaji uwanja mpya. Huhitaji maofisa wanaojua kushughulikia usajili, viza, vipimo vya dawa zilizopigwa marufuku na ratiba, na maofisa wa aina hiyo hupatikana kwa kuifanya kazi yenyewe mara kwa mara. Kwa kiwango hicho, mji wenye chuo kikubwa kama Dodoma au Dar es Salaam hauna sababu ya kujiona mdogo. Netiboli, ambayo Tanzania ina wachezaji wengi wanawake kuanzia shule za msingi, ni mchezo unaostahili kufikiriwa kabla ya ule wenye kelele zaidi.

Kwa mwaka 2027, hesabu tayari inaweza kufanywa. Kwa kanuni ya umri ya sasa, wenye sifa ya kwenda Chungcheong ni waliozaliwa kati ya Januari 1, 2002 na Desemba 31, 2009. Wengi wao wameshasajiliwa vyuoni au wamo Kidato cha Sita. Mwanafunzi aliyeanza shahada ya miaka mitatu katika mwaka wa masomo wa 2025/26 atakuwa amemaliza mwaka wa pili Agosti hiyo, na ratiba ya chuo chake itamtaka awe katika mafunzo kwa vitendo, labda katika ofisi ya halmashauri mkoani au shule ya sekondari iliyo mbali na uwanja wowote wa riadha. Jina lake lipo katika rejista ya chuo, pamoja na tarehe yake ya kuzaliwa na kozi anayosoma.